Baridi ya Mwezi wa Tano

Jina lake nalijua, ila sitalitaja. Miaka yote niliyopanga uani kwake hakuwahi kulitaja langu. Mbele ya wageni aliniita "yule dada wa nyuma", na wageni wakaitikia kwa kichwa kana kwamba wameelezwa kila kitu. Basi nami nilimwita Mwenye Nyumba. Nakwambia mapema usije ukasema sikukuonya: sikumpenda mtu yule. Kazi yangu ni kutunza wazee, nimewaogesha wakorofi wa kila taifa, wengine wamenitemea mate, na hakuna hata mmoja niliyemdharau kama nilivyomdharau yeye.

Nyumba ilikuwa Merrylands, kitongoji cha Sydney huku Australia, si mbali na stesheni, ya matofali, na bustani ya mbele wameimwagia zege ili magari yapate pa kulala. Nyuma walijenga kijumba cha chumba kimoja, jiko na bafu, ndimo nilimokaa mimi, mtu wa Tanga, peke yangu. Mbele walikaa wanne: yeye, mkewe ambaye ni mfamasia wa hospitali, binti yao wa pekee aliyekuwa amechumbiwa, na mama mzazi wa Mwenye Nyumba, ambaye nilimwita Bibi. Wahindi wa Gujarati, watu wa sala asubuhi na tamthilia jioni. Wanawake wale watatu walikuwa watu wazuri kabisa. Huyu wa nne sijui walimwokota wapi.

Alikuwa mfupi, tumbo limetangulia, na masharubu aliyoyapaka rangi mpaka ungedhani yamebandikwa. Mfukoni alibeba kitana kidogo, si cha nywele, cha masharubu tu. Ukimwuliza jambo, bomba limeziba au taa imeungua, alitoa kitana kwanza, akachana kulia, akachana kushoto, ndipo akakwambia atalifuatilia. Bomba langu alilifuatilia mpaka nikalizibua mwenyewe.

Msemo wake ulikuwa mmoja: nyumba bila utaratibu ni stesheni. Aliusema kwa mkewe akikuta kikombe kwenye sinki. Aliusema kwa bintiye akichelewa kurudi. Aliusema kwangu siku niliyoacha ndoo karibu na mlango. Akabandika vikaratasi kila mahali, zima taa, funga geti, usimwage majani ya chai, na kwenye kamba ya nguo akafunga utepe mwekundu katikati: huku zao, huku zangu. Upepo haukuujali utepe. Nguo zikasogeleana, naye akatoka uani na barakoa usoni kuja kuzitenganisha. Barakoa, kwenye hewa safi, yuko peke yake na shati langu.

Na chapati, je? Nyumba ile walikula chapati nyembamba, ile inayofura juu ya moto, na yeye alitaka kila moja itoke motoni mpaka sahani yake. Si mbili kwa pamoja. Moja, ale, ya pili ije. Kwa hiyo mkewe, aliyetoka kazini miguu imevimba, alisimama jikoni akisukuma na kuchoma wakati wengine wamekaa, naye akala mwisho, amesimama, anazungusha kipande kwenye sufuria. Niliyaona kwa dirisha langu kila jioni. Mara moja binti alinyanyuka akasema leo mama akae, chapati atachoma baba. Mwenye Nyumba akacheka sana, akachukua ya kwake ya nne, akasema binti ana vichekesho. Mama mtu akarudi jikoni. Nilitamani kuingia mle ndani na mwiko.

Ilipokuja lokidauni ya kwanza, alihamishia ofisi mezani pa chakula. Juu shati na tai, chini suruali ya kulalia yenye mistari. Kazi yake ilikuwa ya bima, na alipokuwa kwenye mkutano wa kompyuta nyumba nzima ilipaswa kunyamaza. Mkewe alikuwa mle hospitalini siku zile za hofu, anavaa na kuvua magwanda, analala kwenye kiti. Siku moja alipigiwa simu katikati ya kazi, akakimbilia nje, akidhani kuna aliyeanguka nyumbani. Ni mumewe, anauliza chumvi iko wapi. Aliniambia mwenyewe kwenye chumba cha kufulia, huku anacheka, lakini macho yamejaa maji.

Neno lake jingine lilikuwa mila. Sisi tuna mila, alisema, kana kwamba wengine tumeshushwa na mvua. Viatu nje. Siku fulani hakuna kitunguu, na nyama siku zote hakuna. Samaki ndiyo usiseme: nilikaanga changu wawili siku moja tu, akaja kugonga, pua ameiziba kwa leso, akanieleza mila kwa muda mrefu kuliko samaki mwenyewe alivyokaa kwenye mafuta. Tangu hapo nikitaka samaki nilipanda treni hadi Fairfield kwa rafiki yangu Mkongo, nikala kule nikarudi nimenawa. Nilimheshimu kwa hilo, nyumba ni yake. Ila juma lile lile nikamkuta ndani ya gari, nyuma ya maduka, vioo amefunga, anatafuna mguu wa kuku wa kukaanga. Alinitazama. Akatoa kitana.

Haya, ubaya wake nimeuanza na sijaumaliza, lakini kuna jambo moja lazima nimpe. Kila Jumapili asubuhi alimkalisha mama yake kwenye ngazi ya nyuma, penye jua, akamkata kucha. Mikono kwanza, halafu miguu. Alikaa chini kabisa, miguu ya mama juu ya paja lake, akikata taratibu, anapuliza, anapapasa kwa kidole kuona kama kuna ncha. Hakusema neno la utaratibu wala la mila. Mimi kucha za wazee ndiyo kazi yangu, najua mkono wa mtu anayetaka kumaliza na mkono wa mtu anayejali, na ule ulikuwa unajali. Hilo nampa, na lilinikera, kwa sababu ni vigumu kumdharau mtu huku unamtazama akifanya vile.

Bibi alikuja kwa miezi michache tu, amwone mjukuu akivishwa pete, arudi. Mipaka ikafungwa naye yumo ndani. Mumewe alibaki kwao Gujarati, mzee aliyekataa ndege tangu ujana. Sasa, bahati yangu na yake ni kwamba Bibi alikulia Mwanza, akaondoka kwenda kuolewa, na Kiswahili hakikumtoka. Siku ya kwanza nilipoanika nguo akaniuliza kutoka upande wa pili wa utepe kama huku mtu anaweza kupata mchicha. Nilitaka kulia. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, na toka siku ile kamba ya nguo ikawa baraza letu. Mwanawe hakujua neno hata moja la Kiswahili na ilimuuma. Alimuuliza mamake tunaongea nini. Bibi akamjibu: mabamia. Kila alipouliza, mabamia.

Jioni baada ya kula walimpigia mzee kwa picha. Mzee hakuwahi kujifunza kushika simu. Kilichoonekana ni feni ya darini ikizunguka na sauti tu. Umekula? Nimekula. Dawa? Nimemeza. Haya. Ndiyo ndoa yao ilivyobaki, na Bibi aliningojea kesho yake kunisimulia kana kwamba amehadithiwa mengi. Na mzee alikuwa akituma pia jumbe za sauti kwenye simu ya mwanawe, amwambie mama hivi, amwambie mama vile. Mwenye Nyumba alikuwa na kazi nyingi, masikini, mikutano na masharubu. Nyingi hakuwahi kumsikilizisha.

Kisha ukaja mwaka ule wa pili, maradhi yakaivamia India kwa nguvu, huku Sydney tuko huru tunakwenda madukani. Mwezi wa nne ukiisha, mzee akaugua. Hakufika hata wiki. Mkewe Mwenye Nyumba ndiye aliyenikuta kwenye chumba cha kufulia akaniambia baba mkwe amefariki, majirani ndio waliouchoma mwili wake kwa desturi yao, hakuna aliyeweza kwenda kwa sababu ndege zimezuiwa. Nikasema niende kumpa Bibi pole. Akanishika mkono. Bibi hajaambiwa.

Jioni Mwenye Nyumba akaja mwenyewe. Alisimama nje ya mlango wangu akanipangia sababu. Moyo wa mama ni dhaifu. Harusi ya binti ni mwezi wa sita, ilishaahirishwa mara moja kwa ajili ya korona. Msiba ukitangazwa, kwa mila yao hakuna harusi nyumbani humo, labda mwaka mzima. Kwa hiyo mama ataambiwa harusi ikishapita. Kwa sasa baba yuko hospitali, simu hairuhusiwi. Binti naye hajui, asije akaharibu uso kwa machozi. Wewe unaongea naye lugha ile, akasema. Sitaki asikie kitu kutoka kwako. Nyumba hii ina utaratibu.

Nilinyamaza, kwa sababu si msiba wangu na si mama yangu. Lakini niliwaka. Kwetu mwanamke akifiwa na mume anaambiwa, anakalishwa eda, anafungiwa dunia nje mpaka muda wake uishe, na hata adui yake hawezi kumnyima hilo. Bibi alikuwa anapita uani na bangili zake za kioo, nyekundu na kijani, na alama nyekundu kwenye paji la uso, mapambo ya mke mwenye mume. Mjane kamili, amepambwa kama mke, na mwanawe anamtazama anakunywa chai. Huyo ndiye bwana mila! Kwao mtoto wa kiume akifiwa na baba hunyoa kichwa na masharubu. Yeye hakugusa hata unywele. Aliongeza rangi.

Sasa Bibi akawa anauliza. Siku ya kwanza hospitali, siku ya pili hospitali, juma la pili bado hospitali? Hata daktari hawezi kumshikia simu? Mwenye Nyumba akaishiwa uongo, na hapo ndipo alipopata wazo lake la maana. Alizikumbuka zile jumbe za sauti ambazo hakuwahi kumpa mama yake. Akazipekua, akachagua moja, jioni akamwekea sikioni: sikia, baba amepata nafuu, ametuma salamu. Niliwaona kwa dirisha. Bibi aliikamata simu kwa mikono miwili. Ilipokwisha akaomba tena. Mwanawe akamrudishia, akasimama pale akichana masharubu, ameridhika.

Asubuhi yake nilitoka na beseni la shuka. Ilikuwa baridi, ile ya mwezi wa tano wa huku, nyasi zimelowa na mikono inakufa ganzi kwenye nguo mbichi. Bibi alikuwa tayari kwenye kamba, hana nguo ya kuanika. Nilimwamkia.

"Mwanangu," akasema, "mume wangu amekufa. Usiseme kitu, sikuulizi. Nakwambia."

Nikaweka beseni chini.

"Jana nimesikia sauti yake. Anasema leo baridi imekaza, nimevaa lile sweta ulilonifumia. Sweta! Mwezi wa tano kwetu hata mbwa anatafuta tope alalie. Mwezi wa tano mume wangu alikuwa anavaa taulo lenye maji shingoni. Ile sauti ni ya mwezi wa kwanza." Alizungusha bangili zake pole pole. "Mwanangu yule amekaa huku mpaka amesahau jua la kwao. Ameona huku baridi, akadhani na kule baridi. Mtu akiwa hai hawamchezei sauti ya zamani."

Njia ya mwongo ni fupi, lakini sijawahi kuona fupi kama ile. Nilimkumbatia Bibi, utepe mwekundu ukiwa katikati yetu. Alilia kidogo, kwa utulivu, akijipangusia ncha ya shuka langu bichi. Akanisihi nisimwambie yeyote kwamba anajua. Akisema, harusi inavunjika, na mtoto wa watu amengoja mwaka. Ngoja ipite, akasema, nitanyamaza kama mwanangu anavyonyamaza, tuone nani atachoka.

Lakini kulikuwa na jambo ambalo kunyamaza hakukulitatua. Kabla ya harusi kuna siku ya manjano: mwali anakalishwa, wanawake wanampaka manjano usoni na mikononi, kama sisi tunavyomsinga. Anayeanza ni mwanamke mkubwa wa nyumba, na lazima awe ana mume. Mjane haruhusiwi kumgusa mwali, anamtia mkosi. Bibi aliamini hivyo kwa moyo wake wote. Mimi siamini, lakini imani haikuwa yangu. Akimpaka mjukuu, kwa imani yake anamharibia ndoa kwa mikono yake mwenyewe. Akikataa kumpaka, ametangaza msiba mbele ya kila mtu. Alikonda. Kwenye kamba hakuniongelesha tena habari za mchicha, aliniuliza tu zimebaki siku ngapi. Nami kila nilipomwona Mwenye Nyumba akihesabu viti na kugombana na muuza maua, nilisema moyoni, mtu huyu hajui hata alichomfanyia mama yake. Angejua angalau ningemchukia kama mtu mwenye akili.

Siku ya manjano nilialikwa. Nilivaa dera langu zuri, nikakaa kwenye mkeka bega kwa bega na Bibi. Maua ya manjano kila mlango, mashangazi wamejaa, mwali kakaa kwenye kigoda anacheka. Mwenye Nyumba alikuwa mlangoni akielekeza mpiga picha. Wakaita Bibi aanze. Bibi akainuka, akapewa bakuli, akachovya vidole. Manjano ikadondokea sari. Nilidhani mwisho umefika. Akamtazama mjukuu wake usoni, akageuka upande, akakohoa.

Kikohozi kikavu, kirefu, cha kutoka kifuani. Akakohoa tena.

Mwaka gani ule mtu anakohoa katikati ya wageni? Mashangazi walitawanyika mpaka bakuli likapinduka. Barakoa zikatoka kwenye mikoba, madirisha yakafunguliwa. Na Mwenye Nyumba, mwana mpenzi, alirudi nyuma hadi barabarani, akipiga kelele kutoka kule mama aondolewe, apelekwe kupimwa, asirudi ndani. Arudi wapi basi? Bibi, ameziba mdomo kwa ncha ya sari, akanielekeza kidole. Akasema nilikaa naye karibu, mimi nimeshaambukizwa tayari, basi nimchukue yeye kwangu. Mwanawe akakubali kabla hajamaliza kusema. Bakuli akapewa shangazi mwenye mume, akampaka mwali, na kila kitu kikaenda sawa.

Tulipimwa wote wawili, majibu yakaja kesho yake kwamba hatuna kitu. Bibi akaendelea kukohoa. Kila akisikia viatu vya mwanawe kwenye zege, anakohoa. Mwenye Nyumba akawa anaacha vyombo vya chakula kwenye ngazi na kukimbia. Akiondoka, Bibi anacheka mpaka anajishika mbavu, halafu kicheko kinageuka.

Siku ya harusi wote walikwenda ukumbini. Uani kukawa kimya. Bibi akaniomba kitambaa cheupe. Hakuwa nacho, alikuja nchi hii akiwa mke wa mtu. Nami cheupe nilichokuwa nacho ni nguo yangu ya kusalia. Nikampa. Akajifunga vizuri, akafuta ile alama kwenye paji la uso, akatoka akakaa kwenye ngazi yangu, akazivunja bangili kwa jiwe, moja moja, juu ya kanga niliyomtandikia ili vioo visimchome. Walikuwa wamemwachia kompyuta ndogo aione harusi moja kwa moja. Aliitazama mpaka mwali alipoingia, akasema amependeza, akailaza kifudifudi. Kisha akalia kilio chake, kile alichokuwa amekidai tangu mwezi wa tano. Nilikaa naye. Alinisimulia mumewe alivyokuwa mbishi, alivyokoroma, alivyomenya chungwa na kuondoa kila uzi mweupe ndipo ampe. Hakuwa mtu wa kusifiwa sana, akasema, lakini alikuwa wangu. Nilimchukia mwanawe kuliko siku zote.

Maharusi walipokwisha kuondoka, Mwenye Nyumba alikuja na hotuba yake. Mkewe alikuwa nyuma yake. Aligonga kwa adabu, amevaa uso wa msiba aliouhifadhi mwezi mzima na zaidi. Mlango ulifunguliwa na Bibi mwenyewe, mweupe kutoka kichwani hadi miguuni, mikono mitupu. Hotuba ikafa. Alimtazama mama yake, akatazama mikono, akakaa chini pale pale kwenye ngazi alipokuwa akimkatia kucha... la, nakosea, ile ni ngazi yao. Hii ilikuwa yangu, na vumbi la vioo bado lilikuwa kwenye nyufa. Bibi akasema maneno mawili kwa lugha yao. Mkewe alinitafsiria baadaye.

"Nenda kanyoe."

Basi. Hakumuuliza kwa nini, hakumtukana. Na yeye unadhani alifanya nini? Alimwomba msamaha? Aliinua macho akanitazama mimi, akaniambia kwa Kiingereza kwamba nimemwambia. Mkewe akasema siye huyu. Bibi akasema siye huyu. Akawajibu, basi nani, ndege?

Wiki ile ile mji ukafungwa tena, saluni za vinyozi zikafungwa, akanyolewa na mkewe jikoni kwa mashine ya umeme. Miezi yote ya lokidauni ile alikaa kwenye mikutano yake na kofia ya sufu. Akili ni nywele, kila mtu ana zake, na zake tuliziona zikifagiliwa. Bibi alirudi chumbani kwake mbele, akamsemesha mwanawe habari za chakula tu. Jumapili hakutoka tena kwenye ngazi. Kucha alikuja kukatiwa na mimi. Mipaka ilipofunguliwa alipanda ndege ya mapema aliyoipata. Mimi nikapewa notisi ya kuhama, imebandikwa kwa utepe mlangoni, na nikahamia Fairfield, ambako nakaanga changu nitakavyo.

Hapo ningemwacha, na ningefurahi. Lakini mwaka uliofuata, mchana wa Jumamosi, nilikuwa kwenye yale maduka makubwa ya Merrylands nikasikia mtu ananiita dada. Nilimtambua kwa shida. Masharubu yalikuwa yameota meupe naye ameyaacha. Alikuwa peke yake na toroli, na ndani ya toroli pakiti za chapati zilizogandishwa, zile za kupasha. Nilizitazama muda mrefu kuliko adabu. Akaniambia mkewe yuko India kwa mama, amekwenda kwa mwezi, huu ni wa tatu. Mama hajambo. Akipiga simu mama anamuuliza umekula, anamjibu nimekula, halafu anampa mtu mwingine simu.

Kisha akajiweka sawa, akaingiza mkono mfukoni kutafuta kitana, hakikuwepo.

"Dada," akasema, "nilitaka siku moja tuonane nikwambie. Nimekusamehe."

Mtume! Damu ilinipanda. Nilishakuwa nimegeuka niende zangu, nikarudi.

"Umenisamehe nini, mzee? Mimi sikumwambia mama yako. Ulimwambia wewe. Ulimsikilizisha baba yako anasema amevaa sweta, baridi imekaza. Mwezi wa tano. Kwenu mwezi wa tano kuna baridi?"

Niliona anatafuta, midomo inatembea kidogo, anahesabu miezi. Akatoa simu. Ile sauti bado alikuwa nayo, na aliifikia bila kutafuta, kidole kinapajua mahali. Akaiweka sikioni pale pale katikati ya watu. Mimi lugha yao siijui, lakini nilisikia sauti ya mzee, nyembamba, na kikohozi, na mahali fulani kwa mbali mtu anafagia. Akaisikiliza mpaka mwisho. Akairudia. Watu walikuwa wanatupita kwa matoroli, wanamgonga, hasikii. Nilikuwa nimeandaa maneno mengine, nilikuwa nayo mengi, ya miaka.

Aliposhusha simu hakuwa ananitazama mimi.

"Lakini kulikuwa na baridi," akasema. "Siku ile kulikuwa na baridi."

Chapati zake zilikuwa zimeanza kuyeyuka, maji yanadondoka sakafuni. Nikalisogeza toroli lake pembeni, watu wapite.